Marufuku imelegezwa, kesi bado ipo: namna ya kuiondoa bila kuumia

Ijumaa ya tarehe 5 Machi 2021, barua ya Mamlaka ya Kilimo na Chakula ilimfikia Kamishna wa Forodha wa Kenya: mahindi ya Uganda na Tanzania yasiingie nchini, kwa kuwa vipimo vimeonyesha sumukuvu, yaani sumu ya ukungu wa nafaka, kupita kiwango salama. Malori yaliyokwisha kupakia yakakwama mipakani. Jumatano iliyofuata, tarehe 10, Wizara ya Kilimo ikalegeza: mahindi yaingie, ila waagizaji wasajiliwe, na kila shehena iwe na cheti cha kuonyesha kwamba sumukuvu haizidi sehemu 10 kwa bilioni. Siku tano tu. Mfanyabiashara ambaye angekimbilia Mahakama Kuu Jumatatu, kufika Jumatano angekuwa ameshika kesi ya kupinga kitu ambacho sura yake imekwisha kubadilika.

Ndivyo marufuku za biashara zilivyo. Mitumba ilizuiwa mwishoni mwa Machi 2020 kwa sababu ya korona, ikaruhusiwa Agosti mwaka huo huo. Biashara ya vyuma chakavu ilisimamishwa Januari 2022, ikafunguliwa Mei. Marufuku hushuka ghafla, hukaa wiki au miezi, kisha hulegezwa kwa masharti kabla jaji hajakaa kuandika hukumu. Kwa hiyo anayekwenda mahakamani kuipinga ajue tangu siku ya kwanza kwamba huenda kesi yake isiishie kwenye hukumu. Huenda ataiondoa mwenyewe. Na ni wakati wa kuiondoa ndipo wengi huumia. Wapo wanaobebeshwa gharama za pande tatu, wapo wanaofunga mlango wa kurudi bila kujua, na wapo wanaoona mzigo uliokwisha kuingia kwa amri ya mahakama ukifuatwa stoo wiki mbili baadaye.

Maelezo haya yanahusu ombi la kikatiba, yaani kesi ya kudai kwamba serikali imevunja Katiba, katika Mahakama Kuu ya Kenya, kwa sababu kesi nyingi za namna hii hufunguliwa huko. Watanzania nimewawekea neno lao karibu na mwisho.

Tuanze na siku ile habari inapotangazwa. Mtu amekaa wiki tatu akilipia lori lililosimama, dereva anadai posho, magunia ya chini yameanza kupata joto. Anasikia redioni kwamba mambo yamefunguliwa. Anampigia wakili simu: "Ondoa kesi, tumeshinda." Furaha hiyo inaeleweka kabisa, na ndiyo inayozaa kosa la kwanza, kubwa kuliko yote yanayofuata. Maneno ya waziri mbele ya wanahabari hayafuti barua iliyoko mezani kwa forodha, wala hayafuti notisi iliyochapishwa katika Gazeti Rasmi la Serikali. Afisa wa mpakani hafungui geti kwa kuwa amesikia taarifa ya saa moja. Anasubiri maandishi kutoka kwa wakubwa wake. Kilichofungwa kwa barua kifunguliwe kwa barua, na kilichofungwa kwa Gazeti Rasmi kifunguliwe kwa Gazeti Rasmi. Kabla karatasi hiyo haijawa mkononi, ikiwa na tarehe, saini na orodha ya waliopelekewa nakala, usiguse kesi. Kama tarehe ya kutajwa imekaribia, mwambie wakili aombe muda wa siku 14 au 21 kwa sababu pande zote zinazungumza. Kwa kawaida jaji hukubali ombi kama hilo, na kusubiri kunagharimu kidogo sana kuliko kurudi upya.

Ukishaipata karatasi, isome kama mtu anayetafuta kasoro. Mara nyingi marufuku haiondoki, hubadilishwa kuwa masharti. Katika mfano wa mahindi, sehemu 10 kwa bilioni ni mikrogramu 10 za sumukuvu katika kilo moja. Kiwango cha Afrika Mashariki kinataka pia sumukuvu ya aina ya B1 isizidi mikrogramu 5, na unyevu usizidi asilimia 13.5. Kwenye makaratasi inaonekana rahisi. Kwenye lori si rahisi hata kidogo, kwa sababu sumukuvu haitawanyiki sawasawa: punje chache zilizooza katika gunia moja zinaweza kubeba sumu ya kuangusha sampuli nzima, na gunia la jirani likawa safi. Shehena ile ile inaweza kufaulu asubuhi ikashindwa jioni, kutegemea bambo, kile chuma cha kutolea sampuli, ilichomwa wapi. Kwa hiyo jiulize: nani anapima, sampuli ngapi kwa lori, nani analipa, majibu yanatoka baada ya siku ngapi, na shehena ikishindwa inarudishwa au inateketezwa? Kama masharti mapya yanakuzuia kufanya biashara sawasawa na ile marufuku ya mwanzo, huenda dawa si kuondoa kesi. Unaweza kuiomba mahakama ruhusa ya kurekebisha ombi lako ili lipambane na masharti hayo. Namba ya kesi inabaki ile ile, na huanzi upya kulipia kila kitu. Wengi wameondoa kesi Jumatatu na kurudi kufungua nyingine mwezi uliofuata juu ya jambo lile lile, wakalipia ada mara mbili na kumpa wakili wa serikali nafasi ya kusema kwamba wanachezea mahakama.

Sababu zipo nyingine za kuondoa, na ni halali. Jaji amekataa kutoa amri ya muda na bidhaa ni ya kuoza, basi hata ukishinda baada ya mwaka hakuna cha kuokoa. Au wakili wa serikali ameonyesha kwamba kuna baraza la rufaa ulilopaswa kupita kwanza; Sheria ya Haki katika Hatua za Kiutawala ya 2015, kifungu cha 9, inataka umalize njia za ndani kabla ya kwenda Mahakama Kuu, isipokuwa mahakama yenyewe ikusamehe kwa sababu maalumu. Au fedha zimeisha. Hakuna aibu katika hilo la mwisho, ila litamke mapema kwa wakili wako, maana kuondoa kesi kabla ya kusikilizwa ni jambo moja, na kuiondoa baada ya hoja za maandishi kupelekwa ni jambo jingine kabisa.

Sasa, ya nani kesi hiyo? Swali hili huvunja vyama. Ibara za 22 na 258 za Katiba humruhusu mtu kufungua kesi kwa niaba yake, kwa niaba ya chama, kwa niaba ya kundi, au kwa masilahi ya umma. Wakati wa kufungua, majina huwekwa mengi ili kesi ionekane nzito. Wakati wa kuondoa, kila jina lina sauti yake. Mwenyekiti hawezi kumwondoa mlalamishi wa nne kwa sababu tu ndiye aliyelipa wakili. Mmoja akikataa, waliotaka kutoka hutoka, yeye hubaki na kesi inaendelea. Kama mlalamishi ni chama kilichosajiliwa, fuata katiba ya chama: itisha mkutano kwa notisi inayotakiwa, hakikisha akidi imetimia, azimio liandikwe kwenye kumbukumbu na kutiwa saini. Kama ni watu binafsi, kila mmoja atie saini idhini yake. Kundi la WhatsApp si mkutano, na kidole gumba cha kukubali si saini. Naliweka wazi hivi kwa sababu kuna jambo la moyoni ndani yake. Kesi inapoondolewa kimyakimya, wanachama hudhani viongozi wamenunuliwa. Watu waliochanga elfu mbili mbili kutoka kwenye kibanda wana haki ya kusomewa maneno yenyewe ya maafikiano kabla hayajatiwa saini, kwa lugha wanayoielewa, na kuuliza maswali hadi waridhike.

Kuna vipindi vitatu vya ukomo vinavyokimbia wakati ninyi mnazungumza na serikali, na hakuna hata kimoja kinachosimama kwa sababu mmekaa mezani. Kuomba uamuzi wa serikali ufutwe kwa njia ya mapitio ya mahakama chini ya Agizo la 53 la Kanuni za Madai kuna ukomo wa miezi 6 tangu uamuzi. Kuidai serikali fidia kwa madhara ya kiraia kuna ukomo wa miezi 12, na kwa mkataba miaka 3, chini ya sheria ya ukomo wa kesi dhidi ya mamlaka za umma. Na Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki kule Arusha, ambako mfanyabiashara anaweza kupinga marufuku kwa kuwa inavunja Mkataba wa Jumuiya, hupokea malalamiko ndani ya miezi 2 tu tangu hatua ilipochukuliwa au mlalamikaji alipoijua, kwa mujibu wa Ibara ya 30. Anayeondoa kesi Nairobi miezi saba baada ya marufuku kutoka akisema moyoni, "wakirudia tutakwenda Arusha," kwa marufuku ile ya mwanzo amekwisha chelewa. Weka tarehe hizi ukutani siku marufuku inapotoka.

Lugha ya kutoka nayo ina uzito. Kanuni zinazotawala maombi ya kikatiba ni zile za mwaka 2013 ambazo mawakili huziita Kanuni za Mutunga, kwa jina la Jaji Mkuu wa wakati ule. Kanuni ya 27 ndiyo yenye habari ya kuondoa. Mlalamishi anaweza, kwa kuijulisha mahakama na mlalamikiwa, kuomba kuondoa ombi. Au, kwa ruhusa ya mahakama, kuacha kuliendeleza. Mahakama itazisikiliza pande zote, itaamua, na itasema uamuzi huo una athari gani kisheria. Kisha kuna sehemu ambayo wengi hawaisomi: mahakama inaweza, kwa sababu itakazoziandika, kuendelea kuisikiliza kesi hata kama mlalamishi hataki tena. Maana yake, ombi la kikatiba si mali yako peke yako. Ukishaileta mbele ya jaji hoja kwamba serikali imevunja haki za umma, jaji anaweza kukuambia kwamba umma bado unataka jibu. Hapa ndipo ombi hutofautiana na kesi ya kawaida ya madai, ambayo chini ya Agizo la 25 la Kanuni za Madai mdai anaweza kuiacha kwa taarifa ya maandishi tu kama bado haijapangiwa kusikilizwa. Wafanyabiashara waliozoea kesi za madeni hushangaa wanapoambiwa waeleze sababu.

Hakikisha pia unajua neno litakaloandikwa. Ombi kuondolewa, kufutwa na kutupiliwa mbali si mamoja. Lililoondolewa bila jambo lolote kuamuliwa kwa kawaida halikuzuii kurudi. Lililofutwa kwa kasoro ya utaratibu linaweza kurekebishwa. Lililotupwa baada ya hoja kusikilizwa limekwisha, na ukilirudisha utaambiwa jambo hilo lilishaamuliwa. Kwa hiyo waraka wako useme waziwazi kwamba ombi linaondolewa bila kuathiri haki ya walalamishi kufungua jingine endapo marufuku hiyo au inayofanana nayo itawekwa tena. Wakili wa serikali anaweza kulikataa fungu hilo. Lipiganie. Katika waraka mzima, hilo ndilo fungu ambalo mimi nisingelibadilisha na chochote, hata na msamaha wa gharama.

Nimefika kwenye gharama, na hapa nitakaa kidogo.

Kanuni ya 26 inasema gharama ni hiari ya mahakama, na kwamba katika kuitumia hiari hiyo mahakama izingatie kila mtu apate nafasi ya kudai haki zake. Mahakama ya Juu, katika kesi ya Jasbir Singh Rai ya mwaka 2014, ilikumbusha kwamba kwa kawaida gharama humfuata aliyeshindwa, lakini hiari ya jaji ipo palepale. Katika matumizi ya kila siku, jaji huangalia kama ulikwenda kutetea umma au mfuko wako. Mwenye ombi lililojaa hesabu za faida aliyopoteza asitarajie kuhurumiwa kama mtetezi wa umma. Hata hivyo, kama serikali ndiyo iliyolegeza marufuku baada ya wewe kufungua kesi, unayo hoja nzuri: kesi imeisha kwa sababu wao wamebadilisha msimamo, kwa nini wewe ulipe? Isemwe hoja hiyo kwa tarehe. Ombi lilifunguliwa tarehe hii, likapelekwa kwao tarehe hii, barua ya kulegeza ikatoka tarehe hii.

Njia salama ni maafikiano kabla ya kwenda mbele ya jaji. Sentensi ni fupi: ombi liondolewe, na kila upande ubebe gharama zake. Lakini hesabu pande zako vizuri. Mwanasheria Mkuu ni upande mmoja. Mamlaka iliyotoa marufuku inaweza kuwa na wakili wake binafsi. Huo ni upande wa pili. Waliojiunga kama wenye maslahi, labda chama cha wazalishaji wa ndani waliofurahia marufuku, ni upande wa tatu, na hao ndio wenye hasira zaidi. Ukiafikiana na Mwanasheria Mkuu peke yake, wale wawili wanaweza kusimama na kudai chao, kila mmoja kwa bili yake. Na bili hizo si ndogo: Amri ya Malipo ya Mawakili inaweka ada ya ombi la kikatiba lisilopingwa na lisilo tata kuwa si chini ya shilingi 45,000, na lililopingwa na lenye uzito si chini ya shilingi 100,000. Hizo ni sakafu, dari haipo. Naibu Msajili wa mahakama ndiye anayekadiria bili, na hutazama thamani ya mali inayobishaniwa, ugumu wa hoja na muda uliotumika. Kwa hiyo kila tamko la kujitutumua uliloandika kwenye hati ya kiapo, kwamba hasara yako ni mamilioni mengi, litasomwa tena siku hiyo, safari hii likiwa hoja ya kuongeza bili unayolipa. Usiporidhika na makadirio, una siku 14 tangu uamuzi kumwandikia ukitaja vipengele unavyovipinga na kutaka sababu, na siku 14 nyingine baada ya kupata sababu kwenda kwa jaji. Siku hizo zikipita, mahakama ndiyo inayobaki na hiari ya kukuongezea au kukunyima.

Wakili wako mwenyewe pia ana bili. Kabla hajawasilisha taarifa ya kuondoa, pateni barua ya kusema kazi yake inaishia wapi na salio ni kiasi gani, au kwamba hakuna salio. Uhusiano mzuri wa miezi sita umewahi kuharibika kwa sababu ya ukurasa mmoja ambao haukuandikwa.

Kuhusu fidia, nisikufiche. Ukiondoa ombi, dai la fidia ulilokuwa umeliweka chini ya Ibara ya 23 ya Katiba linaondoka pamoja nalo, labda maafikiano yaseme vingine. Na serikali ikikubali kukulipa fedha, kumbuka kwamba huwezi kumtuma dalali akamate gari la wizara. Sheria ya Mashauri ya Serikali hairuhusu mali ya serikali kukamatwa. Utahitaji cheti cha amri kutoka mahakamani, na wasipolipa, kesi nyingine ya kumlazimisha afisa mhasibu alipe. Kwa sababu hiyo, jambo la maana kuliko ahadi ya fedha ni kile serikali inachoweza kukitoa leo kwa kalamu: kuachilia mzigo, kusamehe ada ya ghala la forodha, kutambua vyeti vya vipimo vilivyokwisha kutolewa, kusajili wafanyabiashara wako bila kuanza foleni upya. Angalia pia nani anakudai. Bandarini Mombasa, malipo ya kuhifadhi kontena hudaiwa na mamlaka ya bandari, lakini demareji, yaani tozo ya kuchelewesha kontena, hudaiwa na kampuni ya meli, ambayo haikuwa sehemu ya kesi yako. Maafikiano na wizara hayaifungi kampuni ya meli. Zungumza nayo peke yake, mapema, kwa barua, ukiambatanisha amri ya mahakama na barua ya kulegeza.

Amri ya muda ndiyo mtego wa mwisho kabla ya kufika mbele ya jaji. Kama mahakama ilikuwa imesimamisha marufuku kwa muda na wewe ukaingiza mzigo katika kipindi hicho, ujue kwamba ombi likiondoka, amri nayo imekwenda. Mzigo ule uliingia kihalali, lakini afisa anayekagua stoo miezi miwili baadaye ataona bidhaa iliyozuiwa, tarehe ya kuingia, na kesi ambayo haipo. Weka fungu katika maafikiano: shehena zilizoingia kati ya tarehe fulani na fulani chini ya amri ya mahakama hazitakamatwa, kutozwa faini wala kuhesabiwa kosa. Ambatanisha orodha yenye namba za hati za forodha, namba za malori au kontena, na uzito. Orodha isiyo na namba haitamsaidia mtu yeyote kwenye kizuizi cha barabarani. Na kama mahakama ilikutaka uweke amana ili upate amri ile, omba katika siku hiyo hiyo kwamba amana irudishwe. Ukisahau, utahitaji ombi jipya, na faili itakuwa imekwisha kufungwa.

Baada ya hayo, kazi ya makaratasi si ngumu. Taarifa ya kuondoa ni ukurasa mmoja au miwili: namba ya kesi, majina ya pande kama yalivyo kwenye ombi, kanuni ya 27, na kinachoombwa. Iambatane na hati fupi ya kiapo ikieleza sababu, ikibeba barua au notisi iliyolegeza marufuku, azimio la chama na idhini za walalamishi. Maafikiano, kama yapo, yatiwe saini na mawakili wa pande zote bila kuacha hata mmoja. Nyaraka hupandishwa kwenye mfumo wa mahakama wa mtandaoni, ada hulipwa, kisha kila upande hupelekewa nakala, na anayepeleka huapa hati ya kuthibitisha kwamba amepeleka. Mambo huharibika mahali padogo: wakili mmoja alibadilishwa katikati ya kesi na nakala ikaenda kwa yule wa zamani. Siku ya kutajwa, wakili mpya anasema hajaona kitu, na jaji anaahirisha kwa wiki nne.

Mbele ya jaji, tarajia maswali matatu au manne. Nini kimebadilika? Je, wenzako wote wamekubali? Kuna yeyote anayepinga? Gharama zikoje? Wakili ajibu kwa ufupi na kwa karatasi. Mlalamishi awepo, hata kwa njia ya video, kwa sababu jaji akitilia shaka kwamba mtu ameshinikizwa kuondoa kesi atataka kumsikia mwenyewe. Kama ulishinikizwa kweli, kwa vitisho vya leseni au ukaguzi wa ghafla, hapo ndipo pa kusema, na mahakama ina uwezo wa kukusikiliza.

Na kama hukumu imekwisha kupangiwa tarehe? Inawezekana kuomba, lakini mlima ni mkali. Pande zimetumia fedha, jaji ameanza kuandika, na kuondoa wakati huo kunaonekana kama kukimbia matokeo. Tarajia gharama, na tarajia pia kwamba jaji anaweza kusoma hukumu hivyo hivyo.

Kwa Tanzania, kesi ya madai huondolewa chini ya Agizo la XXIII la Sheria ya Mwenendo wa Madai. Jambo la kushika ni moja: ukiondoa bila kuomba ruhusa ya kulirudisha shauri, umezuiwa kulifungua tena juu ya madai yale yale. Ruhusa hutolewa kukiwa na kasoro ya kiutaratibu au sababu nyingine ya kutosha, nayo iombwe palepale, kabla jaji hajafunga faili.

Amri ikishatamkwa, usirudi nyumbani na maneno matupu. Wakili aiandike, Naibu Msajili aitie saini na muhuri, kisha chukua nakala kadhaa zilizothibitishwa: moja kwa forodha makao makuu, moja kwa kila kituo cha mpakani unachokitumia, moja kwa mamlaka iliyotoa marufuku, moja kwa ajenti wako wa forodha, moja ibaki stoo. Kama kulikuwa na rufaa ndogo juu ya amri ya muda katika Mahakama ya Rufani, hiyo ni faili nyingine na haiondoki yenyewe. Iondolewe huko kwa taarifa yake. Maombi ya kutaka mtu aadhibiwe kwa kudharau mahakama yaliyokuwa hayajasikilizwa nayo yatajwe kwa jina kwenye amri. Halafu, baada ya wiki mbili hivi, mwombe wakili afungue mfumo wa mahakama mbele yako na mwangalie pamoja namba ya kesi: iandikwe imefungwa, na pasiwe na tarehe yoyote iliyosalia mbele. Kesi inayoonekana hai kwenye mfumo inaweza kuitwa asubuhi moja ambayo wewe uko mpakani Busia ukipakia, na wakili wa upande wa pili akaomba gharama bila mtu wa kumjibu.